Kaboni ya majengo ya umma Dar: tuipime kwa kipimo gani, na tukishapima tubadilishe nini

Fungua BOQ, yaani orodha ya vifaa na kazi pamoja na viasi na bei zake, ya darasa lolote la serikali hapa Dar es Salaam. Saruji imo kwenye msingi, imo kwenye jamvi, kwenye tofali, kwenye linta, kwenye ringi bimu, kwenye lipu ya ndani na ya nje. Mimi ni mkadiriaji majenzi, na kwa miaka mingi saruji hiyo nimeihesabu kwa shilingi tu. Siku hizi naihesabu pia kwa kilo za hewa ukaa. Haya nawaandikia wenzangu wa halmashauri, kamati za ujenzi za shule na zahanati, na yeyote anayepaswa kuweka sahihi kwenye ramani kabla kazi haijaanza.

Kaboni ya ujenzi ni ile hewa iliyokwisha kutoka kabla mtoto hajaingia darasani: kiwandani saruji na nondo zilipotengenezwa, barabarani tipa zilipoleta kokoto, na saiti kwenyewe. Kaboni ya matumizi ni nyingine, ni ya umeme wa taa, feni na viyoyozi. Hiyo ya pili ndiyo inayozungumzwa sana, lakini darasa lenye taa chache na madirisha mapana halina umeme wa kutisha, na tangu mitambo ya Bwawa la Mwalimu Nyerere ilipoanza kuingia kwenye gridi mwaka 2024, mpaka kufikia uwezo wa megawati 2,115, sehemu kubwa zaidi ya umeme wetu inatokana na maji. Kwenye jengo la namna hii mzigo mkubwa wa kaboni unashuka siku ya kumwaga zege, na ukishashuka haurudi.

Majengo ya umma yana jambo moja ambalo nyumba ya mtu binafsi haina: ramani moja hurudiwa mara maelfu. Kwa fedha za mpango wa kukabiliana na UVIKO-19 za mwaka 2021 na 2022 tulijenga madarasa 15,000 nchi nzima, kila moja kwa shilingi milioni 20. Tuseme ramani ile ingepunguza mifuko 20 tu ya saruji kwa darasa. Hiyo ni mifuko 300,000, tani 15,000 za saruji, na kwa kiwango cha kilo 0.6 za kaboni kwa kilo ya saruji, tani 9,000 za kaboni ambazo zisingetoka. Kwa kuhariri ramani moja.

Kipimo: karatasi yako, EDGE, au programu ya kulipia?

Nimetumia njia zote tatu, na siamini kwamba iliyo ghali ndiyo bora.

Ya kwanza ni karatasi ya Excel. Unachukua kiasi kilichomo kwenye BOQ, unakizidisha kwa kilo za kaboni za kila kifaa. Viwango vinapatikana bure kwenye hazina ya takwimu iitwayo ICE, iliyoanzia Chuo Kikuu cha Bath, Uingereza, kwa kazi ya Hammond na Jones. Darasa zima linaingia kwenye mistari kumi: saruji, nondo, kokoto, mchanga, tofali, mbao, bati, madirisha, rangi, usafiri. Mkadiriaji anayeijua BOQ yake anaimaliza kwa nusu siku. Udhaifu wake ni kwamba viwango vingi ni vya Ulaya. Kwa saruji, hata hivyo, kuna njia ya kuukwepa udhaifu huo, nitaieleza chini.

Ya pili ni EDGE, programu ya IFC, shirika la Kundi la Benki ya Dunia. Kuitumia ni bure, cheti ndicho cha kulipia, na ili ukipate lazima uonyeshe nafuu ya angalau asilimia 20 kwenye nishati, maji na kaboni ya vifaa. Uzuri wake ni kwamba wafadhili wanaifahamu, na mtu asiye mtaalamu wa kaboni anaweza kuchagua aina ya ukuta, slabu na paa akaona namba zikipanda na kushuka. Ubaya ni kwamba unachagua kutoka kwenye orodha iliyopangwa tayari. Ukitaka kuona faida ya kupunguza kilo 30 za saruji kwenye mchanganyiko wako wa zege, si chombo chake.

Ya tatu ni programu kubwa za kulipia kwa mwaka, kama One Click LCA, zinazofuata hatua zote za EN 15978, kiwango cha Ulaya cha kupima majengo, tangu machimbo mpaka siku ya kubomoa. Kwa hospitali ya rufaa au jengo la ofisi la ghorofa kumi zinafaa, hasa mfadhili akitaka ripoti inayokaguliwa.

Ushauri wangu: kwa shule, zahanati na ofisi ya kata, tumia karatasi yako. Jengo likiwa na fedha za mfadhili anayetaka cheti, nenda EDGE. Programu ya kulipia waachie washauri wa miradi mikubwa. Kuliko yote hayo, angalia tarehe. Niliwahi kuletewa ripoti ya kaboni ya kurasa sitini ya mradi mmoja wa umma, imepangwa vizuri, ina michoro ya rangi, na mkataba ulikwisha kusainiwa miezi minne nyuma. Nguzo za chini zilikuwa zimesimama. Hakuna hata mstari mmoja wa ripoti ile uliobadilisha chochote, na iliniuma, kwa sababu kurasa mbili za makadirio kabla ya zabuni zingeokoa mengi. Mstari wa kaboni unatakiwa ukae kwenye BOQ ile ile, pembeni ya safu ya bei, kabla zabuni haijapanda kwenye NeST, mfumo wa serikali wa zabuni kwa mtandao. Kiwango cha kimataifa cha upimaji gharama za ujenzi, ICMS, toleo la tatu la mwaka 2021, kimeziweka gharama na kaboni kwenye mpangilio mmoja. Kwa hiyo hatubuni jambo geni.

Saruji: soma mfuko, kisha pima kwa zege

Hapa ndipo penye mali, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Saruji inatoa kaboni kwa njia mbili. Mawe ya chokaa yakichomwa kwenye tanuri la nyuzi 1,450 hivi yanaachia hewa ukaa iliyokuwa imejifunga ndani yake. Kilo 100 za mawe safi ya chokaa zinatoa kilo 44 za hewa hiyo, iwe Wazo, Mtwara au Ujerumani. Hiyo ni kemia, haina nchi. Ya pili ni moto wenyewe wa tanuri, na huo unategemea kinachochomwa: kiwanda cha Wazo Hill kimetumia gesi ya Songo Songo, na gesi inatoa kaboni kidogo kuliko makaa ya mawe. Ukijumlisha, kilo moja ya klinka, yaani kile kinachotoka tanurini na kusagwa kuwa saruji, inabeba kaboni ya kilo 0.85 hivi. Ndiyo maana nilisema kwenye saruji hutegemei sana viwango vya Ulaya: tafuta asilimia ya klinka, zidisha kwa 0.85, umepata makadirio ya kukutosha.

Asilimia hiyo inafichuliwa na maandishi madogo ya kwenye mfuko ambayo wengi hatuyasomi. CEM I ina klinka asilimia 95 na kuendelea. CEM II/A ni kati ya 80 na 94. CEM II/B ni kati ya 65 na 79, iliyobaki ikiwa unga wa mawe ya chokaa ambayo hayakuchomwa, pozolana (unga wa asili ya volkano) au vinginevyo. Herufi kama L au M inataja kilichoongezwa, na namba 32.5 au 42.5 inayofuata ni ya nguvu.

Mtu akisoma hapo atakimbilia 32.5 ya CEM II/B: kwa kila mfuko ina kaboni pungufu kwa robo kuliko CEM I. Lakini jengo halisimami kwa mifuko, linasimama kwa zege, na saruji ya 32.5 inakudai kilo nyingi zaidi ili ufikie nguvu ile ile. Hii ni hesabu ya makadirio ninayoitumia kwa zege ya daraja C25:

| Saruji | Klinka | Kilo kwa mita ya ujazo | Kaboni ya saruji (kilo) |
|---|---|---|---|
| CEM I 42.5 | 95% | 320 | 258 |
| CEM II/A-L 42.5 | 85% | 335 | 242 |
| CEM II/B-M 32.5 | 70% | 390 | 232 |
| CEM II/A-L 42.5 na dawa ya kupunguza maji | 85% | 300 | 217 |

Ile robo imeyeyuka ikawa asilimia kumi. Na fundi wa fosi akaunti (kazi ambayo shule au halmashauri inaisimamia yenyewe kwa kuajiri mafundi, bila zabuni ya mkandarasi) akiongeza mfuko mmoja "kwa usalama", hata hiyo kumi imeondoka. Mstari wa mwisho ndio ninaoupenda. Dawa ya kupunguza maji inafanya zege iwe laini bila kuongeza maji, na maji yakipungua saruji nayo inaweza kupungua bila nguvu kushuka. Kwa nguzo, bimu na slabu nachagua 42.5 ya CEM II/A pamoja na dawa hiyo. Kwa lipu, chokaa ya kujengea na kufyatua tofali, ambako nguvu kubwa haihitajiki, 32.5 ndiyo yake. Kuagiza 42.5 kwa kazi zote, kama BOQ nyingi zinavyofanya, ni kulipia nguvu ambayo lipu haina haja nayo.

Kuna msingi pia. Zege ya msingi haibebi mzigo kamili siku ya 28. Jengo bado linapanda. Mhandisi akikubali kupima nguvu yake siku ya 56, anaweza kutumia saruji yenye pozolana nyingi, ambayo hukomaa polepole. Swali hilo aulizwe yeye, asiamue fundi.

Nalisema hili kwa uzito: hakuna popote ninaposhauri kupunguza saruji kwa macho. Tulichokiona Kariakoo tarehe 16 Novemba 2024, ghorofa lilipoporomoka, hakijatutoka moyoni. Kila kilo inayopunguzwa ipunguzwe kwenye karatasi ya mhandisi na ithibitishwe kwa vibiriti vya zege, yaani vipande vya mraba vya majaribio, vilivyovunjwa maabara. Asiyeweza kupima vibiriti abaki na mchanganyiko wa kawaida.

Kuhusu kokoto, watu wengi wanadhani safari ya tipa kutoka Lugoba, zaidi ya kilomita 100, ndiyo dhambi kubwa. Piga hesabu: mita moja ya ujazo ya zege ina takribani tani 1.1 za kokoto, kilomita 120, kwa gramu 100 hivi za kaboni kwa kila tani na kilomita. Ni kilo 13. Saruji ya zege ile ile ni zaidi ya 200. Usipoteze wiki ya kazi ukihangaika na kokoto.

Ukuta: tofali za saruji au za kufungamana?

Wakala wa Taifa wa Utafiti wa Nyumba Bora na Vifaa vya Ujenzi, pale Mwenge, umehimiza tofali za kufungamana, zile za udongo na saruji zinazoshikana zenyewe, kwa miaka mingi, na nazipenda. Ila zinatetewa kwa sababu isiyo sahihi, kwamba "zinatumia saruji kidogo". Hebu tuhesabu ukuta wa mita moja ya mraba.

Tofali za inchi sita ni kumi, pamoja na zinazovunjika. Mfuko mmoja ukitoa tofali 30, ambazo ni tofali za maana, hizo kumi zinakula saruji kilo 17. Ongeza kilo 5 za chokaa ya kujengea na kilo 10 za lipu pande mbili. Jumla ni 32.

Za kufungamana, zenye sentimita 30 kwa 15 kwa 10, ni 33. Mfuko ukitoa 70, zinakula kilo 24. Hazihitaji chokaa ya kujengea isipokuwa kozi ya kwanza na sehemu chache, tuseme kilo 2. Jumla 26.

Angalia vizuri: tofali zenyewe za kufungamana zimekula saruji nyingi kuliko zile za inchi sita. Faida yote imetoka kwenye chokaa na lipu. Ukipiga lipu ukuta huo pande zote mbili unafika kilo 36, umeipita ya kawaida. Na ndivyo ninavyoviona vikifanyika: kamati inachagua tofali za kufungamana, ukuta unapanda umenyooka vizuri, kisha mtu fulani anasema unaonekana kama haujaisha, lipu inapigwa. Mwalimu mkuu mmoja kule Chanika aliniambia, "Mama, wazazi watasema hela imeliwa." Nilimwelewa. Tukakubaliana ndani tupake rangi juu ya tofali, nje tujaze mistari vizuri na kuacha udongo uonekane, na ubao wa mradi uandikwe wazi kwamba hivyo ndivyo ulivyokusudiwa.

Jambo lingine ni udongo. Udongo mwekundu wa Pugu, Chanika na Kisarawe unafaa, na ukiwa mzuri mfuko unatoa mpaka tofali 90, hapo ukuta unashuka hadi kilo 20. Mchanga wa Kigamboni haushikani, na mfinyanzi mweusi wa bonde la Msimbazi unavimba na kupasuka. Kabla ya kuleta mashine fanya jaribio la chupa: jaza udongo nusu, maji mpaka karibu na mdomo, chumvi kidogo, tikisa, acha mpaka kesho. Mchanga umekaa chini, tope katikati, mfinyanzi juu. Mfinyanzi ukiwa tabaka nene kuliko mchanga, usiendelee.

Kwa hiyo: saiti ina udongo mwekundu karibu, na kamati iko tayari kuuacha ukuta bila lipu? Chagua za kufungamana. Ikikosekana moja kati ya hizo mbili, tofali za inchi sita zilizofyatuliwa vizuri na kumwagiliwa siku saba zinatosha, na elekeza nguvu zako kwenye zege. Tofali za kuchoma sizifikirii kwa Dar. Zinakuja na kuni za watu wa bara na safari ndefu juu yake.

Ghorofa au chini?

Mita ya mraba ya slabu ya sentimita 15 inabeba kilo 36 hivi za kaboni ya saruji. Nondo zake, kilo 15 hivi, zinaongeza 15 zikiwa zimeyeyushwa kutoka vyuma chakavu kwenye tanuri la umeme, au kama 30 zikihesabiwa kwa wastani wa dunia. Ukuta wa tofali za inchi sita tulioupima, wenye kilo 32 za saruji, unabeba kilo 19 za kaboni. Kwa hiyo slabu moja ya darasa inazipita kuta zake kwa mbali, ingawa mabishano yetu yote huwa ya kuta.

Penye eneo, kama Mabwepande au Chanika, jenga chini. Penye msongamano hakuna hiari, shule lazima ipande, na hapo cha kupigania ni nafasi kati ya bimu na bimu: ikipungua, slabu inakonda. Slabu ya mihimili midogo iliyojazwa tofali zenye matundu inapunguza zege kati ya robo na theluthi, ila inahitaji fundi aliyewahi kuifanya. Na kwenye zabuni usiishie kutaja milimita za nondo. Muulize msambazaji chuma kimetoka wapi, adai cheti cha kiwanda.

Paa na madirisha

Kenchi za mbao za paini zilizotiwa dawa, zinazotoka Sao Hill, zinashinda za chuma bila ubishi. Kwenye bati, usichague geji 30 kwa sababu ni jepesi. Kwa mita ya mraba utaokoa kilo mbili tatu za kaboni, kisha chumvi ya bahari italila mapema na utanunua lingine. Chukua geji 28, ambalo ni nene zaidi. Alumini iliyotengenezwa kutoka madini inabeba zaidi ya kilo 10 za kaboni kwa kilo moja, basi itumike kwenye fremu za madirisha tu, isigeuzwe pambo la kufunika kuta za ofisi.

Kubomoa au kukarabati?

Serikali ilipohamia Dodoma iliacha Dar ofisi nyingi zenye nguzo na slabu zilizokwisha kulipiwa kaboni yake zamani. Kila ninaposikia eneo kama hilo "linaendelezwa upya", swali langu la kwanza ni kama kuna aliyechukua vipande vya zege akavipeleka maabara. Msingi, nguzo na slabu ndivyo vyenye kaboni nyingi kwenye ghorofa. Vikibaki, hata ukibadilisha madirisha, mabomba na nyaya zote, jengo jipya haliwezi kukufikia. Old Boma pale Sokoine Drive ilijengwa kwa mawe ya matumbawe miaka ya 1860, wakati wa Sultani Majid. Imekarabatiwa na inatumika. Kinachoweza kukulazimisha kubomoa ni chumvi iliyokwisha kufika kwenye nondo, jambo la kawaida kwa majengo ya karibu na bahari. Hilo linapimwa. Lipimwe kabla ya uamuzi.

Maneno ya kuweka kwenye zabuni

Ukiandika "saruji bora" kila mtu atakuletea aliyonayo. Mimi naandika hivi: "Zege C25 kwa nguzo, bimu na slabu, kaboni ya saruji isizidi kilo 245 kwa mita ya ujazo, mzabuni aambatishe mchanganyiko, aina ya saruji kama ilivyoandikwa kwenye mfuko, na matokeo ya vibiriti." Kiwanda hakikutajwa, kwa hiyo ushindani uko palepale, na kila mkandarasi anaweza kuhesabu mwenyewe kabla ya kuweka bei.

Kwa fosi akaunti, ambako hakuna mzabuni wa kusoma hayo, ninaagiza kitu kimoja: sanduku la mbao la kupimia, la ukubwa wa mfuko mmoja wa saruji, yaani lita 35. Wiki iliyopita nilisimama saiti moja nikihesabu karai. Fundi alikuwa hodari na mwaminifu, lakini karai la asubuhi lilijaa mchanga mpaka ukingoni, la saa nane lilikuwa na mlima juu yake. Zege ikawa nyonge, akaona, akaongeza saruji. Tulipiga sanduku kwa mbao za fomu, dakika ishirini. Mpaka jioni alikuwa amebakiza mifuko mitatu kwenye stoo, akaniita nije nihesabu mwenyewe.